Mke wa Mkono wa Kushoto

Habari ilimkuta Sibylla jikoni, bata bukini aliyenyonyolewa nusu yuko magotini, manyoya yamemjaa hadi kwenye nywele. Tarishi wa kasri aliingia bila hodi, akavua kofia, akasema mrithi wa Eschenrode amekufa. Farasi alishtushwa na nguruwe mwitu, akamrusha kijana juu ya kisiki, na kijana hakuinuka tena.

"Masikini wa Mungu," Sibylla alisema, na machozi yakamtoka palepale, maana yule kijana alikuwa akipenda kuja kwao kula peasi na kulalamika habari za walimu wake.

Alipoinua macho alimwona mumewe amesimama mlangoni. Leberecht alikuwa ametoka bustanini, kisu cha kupandikizia miti bado kiko mkononi. Uso wake ulikuwa mweupe, lakini hakulia. Alisimama kama mtu aliyeitwa kwa jina na sauti asiyoijua. Sibylla akatazama ule uso, na moyo ukamshuka. Kaka yake Leberecht, mwinyi mwenyewe wa Eschenrode, alikuwa mgane mgonjwa, miguu imemvimba hata buti haziingii. Zaidi ya yule kijana hakuwa na mtoto mwingine. Aliyebaki katika ukoo ule alikuwa huyu hapa, mwenye udongo kwenye kucha.

Walipooana hakuna aliyejali. Leberecht alikuwa bwana mdogo asiye na lolote ila nyumba ya mawindo kule Lindach na miti yake ya peasi. Aliposema anamtaka Sibylla, binti wa Krug mtengeneza ngozi, kasri ilicheka wiki nzima, kisha ikamwachia. Aoe, walisema, lakini kwa mkono wa kushoto. Ndiyo sheria ya ukoo: mwenye damu ya kimwinyi akioa mtu wa chini, mbele ya mchungaji humpa bi arusi mkono wa kushoto badala ya wa kulia. Mke hapati jina la mumewe, na watoto hawarithi hata kijiko. Sibylla alipoushika ule mkono wa kushoto kanisani aliuona una joto kama mwingine wowote. Akaona hayo mengine ni mambo ya makaratasi.

Wakajaliwa mtoto wa kiume, Henning, mwenye nywele nyekundu za kina Krug na pua ndefu ya baba yake. Watu walioiona ile pua walikuwa wakitikisa vichwa. "Mwinyi mtupu huyu," walisema. "Hasara iliyoje!"

Siku chache baada ya mazishi gari la farasi la kasri lilisimama Lindach, na aliyeshuka alikuwa Bibi Mkubwa Adelheid, mama yake Leberecht, ambaye tangu harusi hajawahi kukanyaga pale. Alikuwa amevaa nyeusi tupu, anatembea kwa fimbo. Akaipita sebule, akaenda moja kwa moja jikoni, akaketi kwenye benchi la watumishi.

"Nipe kahawa, binti Krug," alisema. "Na ufunge mlango."

Sibylla akammiminia. 

"Nimemzika mjukuu wangu," mama mkwe akaanza. "Kabla ya majani ya masika kutoka nitakuwa nimemzika mwanangu mkubwa. Leberecht atakaa kwenye kiti. Na Leberecht akifa, nchi inakwenda kwa binamu yetu wa Rabenfels. Unamjua?"

"Nani asiyemjua, Bibi Mtukufu."

"Basi unajua anavyowafanya watu wake. Anawakodisha. Mfalme yeyote mwenye vita na fedha akibisha hodi, yule anakusanya vijana mashambani kama kondoo, anawavika makoti mekundu, anawapeleka. Vijiji vizima kule havina wa kushika jembe." Akanywa funda moja. "Leberecht anahitaji mtoto wa kiume."

"Anaye."

"Ana mtoto. Hana mrithi." Bibi Mkubwa alisema neno hilo bila ukali, na hiyo ndiyo iliyoumiza. "Usidhani simwoni. Nimemwona hapo nje anapanda ukuta. Ni picha ya marehemu mume wangu. Ningekuwa na uwezo wa kuibadilisha sheria ya ukoo ningeibadilisha kwa huu mkono wangu, lakini Rabenfels angekwenda kwa Kaizari kesho yake na kesi angeshinda. Leberecht lazima aoe mtu wa daraja lake. Na baraza la kanisa halitamfungua mpaka wewe mwenyewe useme umekubali."

"Na nikisema sikubali?"

"Utabaki mke wake. Hakuna atakayekulazimisha." Bibi Mkubwa akainuka kwa shida. "Ila utakapopita mjini, wewe uliyezaliwa pale, uwatazame akina mama machoni. Hilo tu."

Sibylla hakumwambia mumewe neno. Alishuka mjini kwa kaka yake Jobst, kwenye kiwanda cha ngozi cha baba yao, akakuta habari imemtangulia. Wifi yake Gundel alikuwa uani, mikono imebadilika rangi kwa maji ya magome ya mwaloni ya kulowekea ngozi. Gundel alikuwa mwanamke wa maneno mengi na utani usioisha. Siku ya harusi ndiye aliyesema, "Wifi, ukiamka asubuhi umekuta taji kwenye mto, usilikalie." Leo hakutania.

"Wamekuja kukuomba?"

"Mama mkwe mwenyewe."

Gundel akafuta mikono kwenye aproni, muda mrefu kuliko ilivyohitajika. "Mimi sikuambii neno, wifi. Nikikuambia neno Mungu ataniona. Lakini Veit wangu anakua. Mjane Apel naye ana Lorenz wake mmoja tu. Hawa wa Rabenfels wakija hapa..."  Akamshika Sibylla mikono yote miwili, akaibusu, naye hakuwahi kumbusu mtu mkono maishani mwake. "Nisamehe. Nisamehe, nimesema."

Aliporudi Lindach alimkuta Leberecht dirishani, amempa mgongo. Mumewe alikwisha kujua yote. Sibylla alisimama katikati ya chumba na koti lake limelowa theluji, akangoja. Alikuwa ameyapanga maneno njia nzima, lakini sasa aliona hana haja nayo. Alitaka kitu kimoja tu: Leberecht ageuke aseme *hapana*. Aseme, waende zao na kiti chao, mimi nina mke. Angesema hivyo, Sibylla angeweza kumwambia mwenyewe, *nenda, mpenzi wangu, kwa ajili ya watu*. Angeweza kumpa. Alichohitaji ni kumpa mtu anayekataa kupokea.

"Amua wewe, Bille," alisema Leberecht bila kugeuka. "Utakaloamua nitalikubali."



"Basi," Sibylla akasema. "Nimeamua."

Mabega ya Leberecht yalishuka kidogo, kama ya mtu aliyetuliwa mzigo. Yeye mwenyewe hakujua kwamba yameshuka. Lakini Sibylla aliyaona, na katika miaka yote iliyofuata, alipojaribu kukumbuka mapenzi yao, yale mabega yalikuwa yakitangulia.

Mbele ya baraza la kanisa alisema alichotakiwa kusema. Alipomaliza ndipo walipomweleza jambo moja lililosalia. Mtoto hataruhusiwa kukaa Eschenrode. Mwana wa kwanza wa mwinyi, mwenye sura ile, akikua mjini na kupendwa na watu, siku moja angeweza kupewa mawazo ya kudai kiti. Atapelekwa chuo cha kijeshi katika nchi nyingine, na atasoma vizuri.

"Hamkuniambia hili," Sibylla alisema.

"Usingekubali," alijibu Bibi Mkubwa Adelheid, aliyekuwa ameketi kando ya baraza, na kwa mara ya kwanza hakumtazama usoni.

Meno ya mbele ya Henning yalikuwa yameng'oka na mapya bado hayajaota. Asubuhi ya safari Sibylla alimfunga vifungo vya koti kimoja kimoja, akavifungua, akavifunga tena.

"Nimekosa nini, mama?"

"Hukukosa kitu, baba'ngu."

"Basi kwa nini mimi ndiye ninayeondoka? Si yule anayekosa ndiye anayefukuzwa?"

"Hufukuzwi. Unakwenda kuwa askari."

"Baba atakuja kuniona?"

Leberecht alikuwa pale, karibu na gari. Akainama, akamkumbatia mtoto, akamnong'oneza jambo sikioni. Gari likaondoka, na Henning hakupunga mkono. Alikaa wima, kama walivyomwambia kwamba askari hukaa.

"Umemwambia nini?" Sibylla akauliza.

"Nimemwambia awe hodari."

Hayo yakawa maneno yao ya mwisho kama mume na mke.

Sibylla alirudi nyumbani kwa baba yake, akarudi kwenye harufu ya ngozi mbichi na magome, akavaa aproni. Eschenrode ni ndogo kiasi kwamba kasri na kiwanda cha ngozi vinanywa maji ya mto mmoja. Kaka mkubwa alikwisha kufa, na Leberecht ndiye aliyekaa kwenye kiti. Bi arusi wake mpya, Karoline, alipoingia mjini gari lake lilipita chini ya dirisha lao, naye ni msichana mwenye mashavu ya kitoto, amejaa hofu, anapunga mkono kwa kila mtu. Alimpungia na Sibylla, na Sibylla akampungia. Angefanya nini?

Mzinga ulipolia juu ya ngome kutangaza kwamba mrithi amezaliwa, watu walikesha wakinywa bia barabarani, na wanawake walikuja mmoja mmoja kumletea Sibylla keki za plamu, mayai, kitambaa cha kitani. Hawakusema kwa nini. Mjane Apel alimletea kuku mzima. "Kwa ajili ya Lorenz wangu," alisema, akaondoka upesi. Usiku ule Sibylla alijiambia kwamba basi, limekuwa na maana. Alilishika hilo wazo kama mtu ashikavyo tofali lililopashwa moto kitandani wakati wa baridi.

Henning aliandika wakati wa Krismasi na Pasaka. Mwandiko wake ulinyooka mwaka hadi mwaka. Mwanzoni aliuliza habari za baba yake, kisha akaacha.

Miaka ikaenda. Ng'ambo, Amerika, ikazuka vita, na mfalme mmoja mwenye merikebu nyingi akawa anatafuta askari wa kukodi. Rabenfels alikuwa wa kwanza kumkodisha. Hilo halikumshangaza mtu. Kilichoishangaza Eschenrode ni ngoma zilizolia asubuhi moja katika uwanja wao wenyewe, na ofisa aliyesimama juu ya pipa kusoma amri ya Mtukufu Mwinyi Leberecht. Kila nyumba yenye vijana wawili itatoa mmoja. Yenye mmoja asiye na mke, itatazamwa.

Walimchukua Veit kiwandani, viatu vya mbao bado miguuni.

Gundel hakulia. Alimfuata Sibylla hadi kwenye mapipa ya magome, akasimama mbele yake. "Nenda kwake," alisema. "Sijakuomba kitu tangu siku ile. Nenda."

Sibylla akaenda. Alivaa gauni lake la kanisani, akapanda kilima mchana kweupe, na hakuna mlinzi aliyethubutu kumzuia. Leberecht alimpokea katika chumba kipya chenye vioo kutoka sakafuni hadi darini. Alikuwa amenenepa. Alivaa nywele za bandia zenye unga, na alipomwona alizivua bila kufikiri, kama alivyokuwa akivua kofia alipoingia jikoni kwake. Hilo lilimuuma Sibylla vibaya kuliko kama angemtukana.

"Bille."

"Unawauza."

"Siwauzi. Wanakodishwa kwa muda. Watarudi na mishahara mfukoni." Akaona uso wake, akaacha kusema kama anayesoma. "Keti. Nisikilize. Unajua kasri hii inakula kiasi gani? Unajua baba yake Karoline alidai nini kabla ya kumtoa binti yake? Kila mwinyi anafanya hivi sasa, kila mmoja. Nisipofanya, nchi itafilisika na Rabenfels ataipata vilevile."

"Nilikuacha kwa ajili ya hao vijana. Nilimtoa mwanangu kwa ajili ya hao."

"Hukuniacha kwa ajili yao." Sauti yake ilikuwa ya chini. "Uliniacha kwa sababu hukuamini kwamba ningekataa. Siku ile ulisimama nyuma yangu ukinipima. Nilikuona kwenye kioo cha dirisha. Kama ungesema neno moja, *baki*, Bille, neno moja..."

"Ungebaki?"

 Leberecht akaketi, akaziweka zile nywele za bandia magotini kama paka.

"Sijui," alisema. "Mungu wangu, sijui."

 Mahali fulani ndani ya kasri mtoto alikuwa akijifunza kinanda, anakosea palepale, anarudia.

"Mchukue Veit," alisema mwishowe. "Nitatoa amri. Siwezi kuwatoa wote, lakini huyo mchukue."

Sibylla alijua angepaswa kusema, *wote au hakuna*. Alijua vizuri. Lakini alimwona Gundel uani akiwa na mikono ile iliyoiva rangi, akasema, "Ahsante, Mtukufu," na akachukia ladha ya neno hilo mdomoni.

Idadi ilikuwa lazima itimie. Jioni ileile walimchukua Lorenz, mtoto wa pekee wa mjane Apel.

Asubuhi Mjane Apel alimngoja Sibylla kisimani, mbele ya watu. "Wa kwenu amerudi," alisema. "Hongera. Nani mwingine ana mume kule juu wa kwenda kumlilia?" Akatema mate chini, karibu kabisa na viatu vyake. Wanawake wengine wakageuza nyuso. Walikuwa walewale wa keki za plamu. "Wewe ndiye uliyetupatia huyu bwana! Ungekaa naye huko Lindach akakataa kiti akaendelea kupanda peasi zake, yule mkubwa angekufa, tukachukuliwa na Rabenfels, na yote yangekuwa haya haya. Tofauti gani? Niambie tofauti gani!"

 Sibylla akachukua ndoo yake bila maji, akaenda.

Kikosi kilikuwa bado kinafanya gwaride uwanjani wakati luteni mmoja kijana alipoingia mjini kwa farasi, nywele nyekundu zimefungwa nyuma, pua ndefu. Wazee walivua kofia bila kujua kwa nini wanazivua. Akashuka mbele ya kiwanda cha ngozi, akainama kupita mlangoni.

"Mama," alisema, "nimekuwa mrefu kuliko mlango."

Sibylla alimshika uso, akamgeuza huku na huku kwenye mwanga, akacheka, akalia, akacheka tena. Gundel alikimbia kuleta soseji na mkate mweusi. Kwa muda wa saa moja nyumba ile ilikuwa na furaha isiyo na doa. Kisha Henning akasema alichojia.

"Nimeomba kuongoza kikosi cha Eschenrode. Nimekubaliwa."

"Nani alikulazimisha?"

"Hakuna. Ni watu wetu, mama. Wanapewa maofisa wasiojua hata majina yao. Nilicheza na Lorenz Apel mtoni, nilimng'oa jino kwa uzi uliofungwa kwenye kitasa cha mlango. Mimi nitawajua." Akaendelea kukata soseji vipande vidogo bila kula. "Na tena, siku zote nimekuwa nikijiuliza mimi ni mtu wa wapi. Sasa angalau nitakuwa mtu wa hapa."

Sibylla alijaribu kila neno ambalo mama anajaribu. Henning alisikiliza yote kwa adabu, kama walivyomfunza huko walikompeleka. Kabla ya kuondoka alikwenda kwa mjane Apel, akakaa jikoni kwake, na walichozungumza hakuna aliyekijua. Ila siku kikosi kilipotoka mjini, mjane yule alitembea pembeni ya farasi wa Henning hadi darajani, ameishika buti yake.

Leberecht alikuwa juu ya kibaraza cha kasri, na mrithi mdogo pembeni yake. Henning akapita, akanyoosha upanga kutoa heshima kama ofisa mwingine yeyote. Leberecht akainua kofia. Baba na mwana hawakusemezana.

Majani yalianguka, yakachipua. Siku moja ya mvua nyepesi gari lisilo na alama yoyote lilisimama mbele ya kiwanda, akashuka Leberecht peke yake. Gundel alimwona kwanza, mkono ukamwenda mdomoni. Sibylla alikuwa akikwangua ngozi juu ya gogo. Aliendelea kukwangua.

"Bille," alisema. "Mwanetu..."

"Sema jina lake."

Midomo yake ilitafuta jina. Tangu ile asubuhi ya gari hakuwa amelitamka mbele ya mtu.

"Henning," alisema, na hapo akavunjika, mzee mzima, mikono kwenye magoti, maji ya mvua yakimchuruzika shingoni. Aliyasema yaliyobaki kwa vipandevipande. Ilikuwa homa, melini, kabla hata hawajaiona nchi kavu. Iliwaua wengi. Henning alikuwa akishuka chini kuwanywesha maji askari wake, mpaka naye ikamkamata. Walimtupa baharini. Lorenz Apel alikuwa hai, kadiri ilivyojulikana.

Kisu cha kukwangulia kikasimama.

"Kasri haiwezi kutangaza msiba," Leberecht alisema. "Sheria ya ukoo... Lakini nimevaa nyeusi ndani. Tazama." Akafungua koti, akamwonyesha fulana nyeusi, kama mtoto anayeonyesha kidonda. "Nije tena? Nije nikae tu? Sitasema kitu."

Sibylla alimtazama. Hakuona hasira ndani yake, na jambo hilo lilimtisha, maana hasira ingempa pa kushika.

"Una mke," alisema. "Una mtoto, anajifunza kinanda. Una nchi. Nenda nyumbani, Leberecht, utalowa."

Akaenda. Gundel alifunga mlango, akaja akaketi kwenye gogo karibu naye, bega kwa bega. Mvua iliendelea kugonga mapipa uani.

"Wifi," Sibylla akasema baada ya muda mrefu, "bahari ina kina gani?"

Gundel hakuwahi kuvuka daraja la Eschenrode.

"Sijui, wifi yangu. Sijawahi kuiona."

"Mimi pia," alisema Sibylla, na hapo ndipo alipoanza kulia.